Ubani Niliomfukizia Leander Prewitt

Wenzangu wa kikundi cha Jumapili, mmenipigia simu kila mmoja kwa wakati wake, na kila mmoja nimemjibu kipande. Bi Tatu anajua habari ya halua, Mama Jeni anajua habari ya mboga, na kuna mwingine, sitamtaja, anayesema nilikwenda Amerika kujitafutia mume. Sasa naandika yote mara moja, msome sawasawa. Habari za tiketi na viza naziruka, maana kila mtu hapa London anazijua na hazina utamu wowote.

Nawaambieni mapema kwamba sikurudi na furaha. Nilirudi na hasira, na ningali nayo.

Sebuleni kwa Kaka Mbaraka

Mnamjua kaka yangu Mbaraka, yule anayekaa nyuma ya maduka ya Thornton Heath na kusalimiwa na kila muuza ndizi. Tangu ndugu yetu Hamisi afariki, yeye ndiye walii wa Zaituni, binti wa marehemu, yaani ndoa ya Zaituni haifungwi mpaka Kaka akubali. Zaituni kazaliwa hapa hapa. Kiswahili anakisikia chote, lakini ukimsemesha anakujibu kwa Kiingereza.

Mwaka jana alituletea mchumba, Curtis Prewitt, Mmarekani mweusi anayefanya kazi hospitalini ya kuwanyoosha viungo wagonjwa. Alisilimu kabla hata ya kumjua Zaituni, anasali, na siku ya kwanza aliniamkia, "Shikamoo, Shangazi," kwa ulimi uliokuwa ukijikwaa lakini kwa adabu zote. Mimi nilimpenda siku hiyo hiyo.

Kaka hakushughulika na sala zake. Alitaka kujua ukoo. Kaka anasema sisi ni Washirazi wa Tanga, watu wa asili, na amelisema hilo tangu tukiwa watoto, ingawa sijamwona Mshirazi hata mmoja aliyekuja kututafuta. Akakaa na simu yake, akaandika jina la Prewitt na jina la mji wao huko Georgia, na uso ukamng'aa.

"Mwanaidi, njoo uone. Huyu hapa. Leander Prewitt, mwanasheria, mbunge, seneta. Ana sanamu mbele ya mahakama. Mji wote ni wake."

Nikatazama. Mzee wa zamani, ndevu za mashavuni, mkono kauchomeka ndani ya koti.

"Kaka, huyu mzungu."

"Na sisi hatuna Waarabu weusi? Baba Mwarabu, mama mjakazi, mtoto Mwarabu. Anachukua jina la baba na anarithi na wenzake. Ndiyo sheria."

Kwa wale wenzetu wa bara, hapa lazima nieleze. Kwetu pwani, zamani za utumwa, bwana akizaa na mjakazi wake, akamkubali mtoto, basi mtoto yule alikuwa huru na alikuwa wa baba. Hata awe mweusi tititi, ukoo wake ulihesabiwa kwa baba. Vitukuu wa watoto hao wamejaa Tanga na Pangani, wana majina marefu na kiburi kirefu zaidi. Kaka akaona Amerika nako kulikuwa vivyo hivyo, nami nikaona ana hoja.

Curtis alipoulizwa alisema, "Ni habari ndefu, Uncle. Bibi yangu ndiye anayeijua." Kaka hakuuliza zaidi. Ijumaa hiyo msikitini alishawaambia watu kwamba mtoto wa Hamisi ameposwa na ukoo wa seneta.

Ikabaki desturi. Kwetu posa haijibiwi mpaka mtu wa upande wa mke aende kwao mume, tunasema kuona mlango. Huko anawasalimia wazee walio hai, kisha anazuru makaburi ya waliotangulia, anayanyunyizia marashi na kuyafukizia ubani. Kaka ana goti bovu. Curtis na Zaituni wana shift zao za hospitali. Mimi nimestaafu kazi ya kutunza wazee, kwa hiyo nikafungashiwa marashi, halua, khanga mbili, na ubani wa vijiti kwa sababu makaa hayapandi ndege.

Treni iliyosimama Southall

Safari ya kwenda Amerika ilikwama kabla sijatoka London. Treni ya kwenda uwanja wa ndege ilipakia watu Southall, ikasogea kidogo, ikasimama. Sauti ikatuomba radhi. Ikatuomba tena. Zaituni akanipigia simu kuuliza kama passport ninayo, nikamjibu kwa sauti kubwa kuliko nilivyokusudia.

Nilipokata simu, mzee wa Kisingasinga aliyekaa mbele yangu, kilemba cha bluu na sanduku kubwa kati ya magoti, akatabasamu.

"Mama ni mtu wa Tanga," akasema. "Nimesikia. Mimi wa Kisumu, nilizaliwa pale pale karibu na ziwa. Naitwa Gurdev."

Basi tukazungumza. Aliniuliza kama naenda harusini, nikamwambia bado, naenda kuchunguza ukoo wa mchumba. Akatikisa kichwa, lakini si kwa kunikubalia.

"Sisi pia tulifanya hiyo kitu. Binti yangu alileta kijana. Mzuri, amesoma, mwenye heshima. Tukatuma uncle yangu wa Queensbury mpaka Punjab aulize. Akarudi akasema babu ya kijana alikuwa mshona viatu."

"Ikawaje?"

"Tukakataa. Binti akaolewa hivyo hivyo, wakahama Canada." Akagonga sanduku lake kwa kidole. "Sasa naenda Toronto kwa harusi ya mjukuu wangu. Sijawahi kumwona uso kwa uso. Aliyeniita ni mjukuu mwenyewe. Mama yake bado haongei na mimi."

Nikamwambia pole. Akasema asante, kisha akaniuliza uncle kama yule kazi yake ni nini hasa, kutafuta ukweli au kutafuta sababu. Treni ikaondoka, na uwanjani tukaagana kwa kupeana mikono.

Halua, basi, na mboga

Ndege ilikuwa ndege. Nilikaa kati ya watu wawili waliolala, na sikuamka kwenda chooni kwa kuwaonea haya.

Atlanta, afisa wa forodha akafungua begi langu akaiona halua. Akaibonyeza kwa kidole chenye glavu, ikatetemeka, naye akatetemeka. Akaniuliza ni nini. Nikamwambia ni tamu. Akaniuliza imetengenezwa kwa nini, nikamtajia, akawaita wenzake, nao wakaibonyeza. Mwisho nikakata kipande nikakila mbele yao, na mmoja akaonja pia, mwanamke. Yeye ndiye aliyenipitisha.

Basi la kwenda mji wao lilipaswa kufika asubuhi. Likaharibika njiani, mahali penye kituo cha mafuta na mkahawa mmoja. Tukaambiwa tusubiri fundi. Njaa ilinishika, nikaingia mkahawani. Waliniletea kitu wanachokiita grits, ambacho mimi nilikitambua mara moja kuwa uji mzito wa mahindi. Nikaomba sukari. Yule dada mhudumu, mweusi, mnene, mcheshi, akasimama kana kwamba nimeomba mafuta ya taa. Kumbe wao hula na chumvi na siagi.

Nikaomba na mboga za majani, maana zilifanana na sukuma wiki.

"Zina nyama?" nikauliza.

"Hapana, mama. Hazina nyama kabisa."

Nikazila zote na mchuzi wake, na kwa kweli zilikuwa tamu. Nilipokuwa nalipa nikamsifu, nikamwuliza siri. Akasema unachemsha na mguu wa nguruwe tangu asubuhi.

"Uliniambia hazina nyama."

"Hiyo si nyama, mama. Hicho ni kiungo."

Mama Jeni, ulicheka sana niliposimulia hili, nami sasa naweza kucheka. Siku ile nilikaa juu ya sanduku langu nje ya mkahawa, naomba msamaha kwa Mola, nikijiambia safari iliyoanza hivi haina heri.

Mji wa Leander Prewitt

Tuliingia alasiri. Kituo cha basi ni duka la vitafunio tu. Mwenye duka akaniambia Miss Odessa, bibi yake Curtis, alisubiri hapo muda mrefu, kisha amerudi nyumbani kuangalia jiko lake, atakuja tena. Simu yangu ilikuwa imekwisha chaji.

Mimi nikaona nisikae bure. Ng'ambo ya uwanja niliiona mahakama, na mbele yake yule mzee wa kwenye simu ya Kaka, wa shaba sasa, mkono ndani ya koti vile vile. Nikawaza, nikienda kumsalimia kaburini kabla Bibi hajaja, atanikuta nimeshatimiza desturi, naye ataona sisi ni watu wa kujua heshima. Nikaliacha sanduku dukani, nikachukua mfuko wenye marashi na ubani.

Nyumba ya Prewitt iko juu ya kilima, nguzo nyeupe, na imefanywa makumbusho. Mama mmoja wa kizungu, mpole, mwenye shanga za lulu, alinitembeza peke yangu, naye alimsimulia yule mzee kama anavyosimuliwa baba mzazi. Leander alizaliwa kwa mkulima wa kawaida. Alisoma sheria kwa kuazima vitabu katika ofisi ya wakili mwingine, akikaa karibu na dirisha kubana mshumaa. Alijulikana kwa ulimi. Alimtetea mjane aliyedhulumiwa shamba, akashinda, akakataa malipo, na hapo mama aliyenitembeza akafuta macho. Akachaguliwa bunge la jimbo, kisha akawa seneta huko makao makuu ya nchi. Mgogoro ulipokuja alisimama akasema jimbo lao lijitenge. Akaenda vitani akiwa kanali, akarudi na sikio bovu. Waliposhindwa alizuiwa siasa kwa muda, akasamehewa, akarudi tena, na uzeeni aliandika sheria za uchaguzi.

"Zilisema nini?" nikauliza.

"Zilituliza mambo," akasema.

Alinionyesha kitanda alichofia, safi, kimetandikwa shuka nyeupe. Nikauliza waliokuwa wakitandika ni nani. Akasema nyumba ilikuwa na watumishi wengi waliompenda sana. Jiko lilikuwa nje, akanipeleka. Jiko lenyewe sasa ni duka la zawadi, linauza jamu na vikombe vyenye uso wa Leander. Nikamnunulia Kaka kikombe.

Nilipokuwa nalipa nikaona nimweleze sababu ya kuja kwangu, nikamwonyesha picha ya Curtis kwenye kadi aliyonipa Zaituni, wamesimama wote wawili. "Huyu ni Prewitt," nikamwambia. "Tunaoana nao."

Alitazama picha, akanirudishia.

"Ah," akasema. "Prewitt wa ng'ambo ya barabara."

Nilidhani ni tawi jingine la ukoo. Nikamwomba aniazime waya wa chaji, akaniazima, simu ikaingia chaji kidogo, kisha akanionyesha njia ya makaburini na hakunisindikiza.

Kaburi lake ni kubwa, la marumaru, lina wavu wa chuma kuzunguka. Nikavua viatu. Nikanyunyiza marashi yote, chupa nzima, kichwani mpaka miguuni, nikawasha ubani, nikamwambia babu yule kwa Kiswahili kwamba sisi ni watu wa Tanga tukaao London, tumekuja kuona mlango wake, atuwie radhi kwa kuchelewa. Kisha nikapiga picha moshi ukipanda, nikamtumia Kaka. Alinijibu papo hapo kwa mikono mingi ya kuomba dua.

Ng'ambo ya barabara

Gari la mizigo la zamani lilisimama nje ya lango. Akashuka bibi mrefu, mwembamba, gauni la kanisani na raba miguuni. Mwenye duka alikuwa amemwambia kwamba mgeni wake amepanda kilimani.

"Wewe ndiye shangazi?"

"Ndiye mimi, Bibi." Kichwa nilikiinamisha kama tunavyofanya kwetu.

"Unafanya nini hapo?"

"Namsalimia babu yenu. Ni desturi yetu kabla ya ndoa."

Aliutazama moshi, akanitazama miguu yangu mitupu, akautazama tena moshi.

"Nimeishi mji huu tangu nizaliwe," akasema, "na sijaona mtu mweusi akimfanyia yule jambo hilo. Zima."

Sikujua ubani unazimwaje kwa heshima. Nikavichomeka vile vijiti kwenye udongo nikavaa viatu. Tukaingia ndani ya gari, lakini Bibi Odessa hakuliwasha.

Aliniambia hivi. Katika jiko lile nililonunua kikombe alikuwapo msichana akiitwa Venie. Alilala humo humo, chini, karibu na meko. Leander alikuwa akiingia, na Venie hakuulizwa kama anataka. Akamzaa Isom. Isom alikulia pale pale, akawa ndiye anayepeleka sahani mezani. Mwaka ule Leander alipoutaka useneta, wageni walikuwa wengi, na mmoja wao akacheka mezani akasema, Leander, mtoto huyu kachukua pua yako. Wiki haikuisha, Isom akauzwa mbali.

"Mwanawe wa kumzaa?" nikauliza.

"Wa kumzaa."

"Lakini baba akiwa huru, mtoto naye ni huru. Mtoto ni wa baba."

Bibi Odessa akageuka akanitazama. "Nani kakwambia? Huku mtoto alimfuata mama. Mama mali, mtoto mali. Na yule alikuwa mwanasheria, mwanangu. Hilo alilijua kuliko mtu yeyote."

Mimi nilikaa na kikombe mapajani. Aliniambia vita vilipokwisha na watumwa wakaachwa huru, Isom alirudi kwa miguu mpaka pale, akamkuta mama yake hai. Venie alikuwa amezaa na wengine, nao waliuzwa, basi jina la Prewitt Isom alilichukua ili nduguze hao, wakirudi siku moja, wajue pa kumtafuta. Hakurudi hata mmoja. Naye akaja kufa mzee, baada ya kunyimwa kura kwa zile sheria zilizotuliza mambo.

Akaliwasha gari, tukavuka barabara. Makaburi yao yako huko, nyuma ya kanisa lao, chini ya misonobari, hayana marumaru. Yamewekwa kome za baharini na sahani zilizovunjwa, buluu na nyeupe, kila kaburi na vyombo vyake. Nikasimama. Nikamwambia kwamba kwetu Tanga, kule Tongoni, makaburi ya wazee wetu wa kale yalichomekwa mabakuli na sahani. Akauliza kwa nini. Nikamwambia hatujui tena, ila tumeyakuta.

"Sisi pia tumeyakuta," akasema.

Akanionyesha la Venie. Nikaingiza mkono mfukoni kutafuta marashi, nikakumbuka. Chupa yote nilimmwagia yule. Ubani wote nilimchomea yule. Nilikuwa na chupa ya maji niliyonunua kituo cha basi, imebaki nusu, ya vuguvugu. Nikavua viatu tena nikamnyunyizia Venie maji hayo, na nililia kwa hasira mpaka Bibi Odessa akanishika bega.

Kikombe nilikitupa kwenye pipa la taka la kanisa lao.

Tukapitia sanduku langu dukani, na nyumbani kwake alikuwa amepika kuku, wali, na mboga zile zile za majani. Akaniambia mapema nisiogope, Curtis alimweleza. Niliona jikoni masufuria yanang'aa, mengine bado yana karatasi za dukani. Alinunua vyombo vipya ili nguruwe asikaribie chakula changu. Khanga nilizompa alizifunga mara moja, moja kiunoni na moja kichwani, na halua akaipenda.

Tulipokuwa tunakunywa chai akaniuliza, "Kwenu mlikuwa na watumwa?"

"Walikuwapo, Bibi."

"Na wajukuu wao mnawaitaje?"

Neno lipo. Nimelisikia maisha yangu yote, harusini, likinong'onwa nyuma ya khanga. Sikulitamka. Akaongeza chai.

"Umekuja mbali kutazama kama tunawafaa," akasema. "Basi ukaseme ulichokiona. Usikipunguze, wala usikipambe."

Siku zote nilizokaa kwake hakuniuliza sisi ni ukoo gani.

Kurudi Thornton Heath

Kaka alinipokea kwa bashasha. Ile picha ya kaburi na moshi alikuwa amemtumia kila ndugu, Tanga, Muskati, mpaka Leicester. "Kikombe changu kiko wapi?" akauliza kabla sijavua koti, maana nilikuwa nimemwandikia habari yake siku ile ile.

"Nimekitupa. Kaa nikueleze."

Nikamweleza yote kama nilivyoagizwa. Alisikiliza huku tasbihi ikizunguka mkononi, na nilipomaliza ikasimama.

"Kwa hiyo ni mzalia," akasema.

Ndilo neno lenyewe, wenzangu. Mtumwa aliyezaliwa nyumbani kwa bwana. Bibi Odessa aliliuliza kwa Kiingereza mezani kwake, na kaka yangu analo tayari mdomoni.

"Si kufu yake Zaituni, hawalingani kwa ukoo," akaendelea. Kisha akafikiri, nikaona uso wake unafunguka kidogo kidogo. "Lakini damu ya Prewitt anayo?"

"Anayo."

"Basi mbona rahisi. Mtoto humfuata baba. Jumamosi wazee watakuja kusikia jibu. Curtis asimame, ataje ukoo wake mpaka kwa Leander Prewitt, mimi nitakubali mbele ya watu. Habari za jikoni zisisemwe."

"Kaka, yule alimuuza mwanawe."

"Hata hivyo ni baba."

Nilimwambia maneno ambayo siyaandiki hapa. Yeye ni mkubwa wangu, na nitakutana naye mbele ya Mungu. Lakini sikuweza kumbadilisha.

Zaituni alipopata habari hizo alikuja kwangu na Curtis. Msichana alilia. "It's just a name, Curtis. Please," akamwambia, yaani ni jina tu, alitaje mara moja yaishe. Curtis alikaa kwenye kochi langu akatazama mikono yake. Mimi, nawaambieni kweli, moyoni nilimwomba akubali. Nilitaka mtoto wa Hamisi aolewe kwa baraka ya nyumba yake, hata kama baraka yenyewe imeoza.

Jumamosi sebule ya Kaka ilijaa. Wazee watano au sita, kahawa, kashata, udi. Ile picha yangu aliikuza, akaitia kwenye fremu, akaitundika ukutani juu ya televisheni, kaburi la marumaru na moshi wangu ukipanda. Kaka akatoa hotuba. Alimsimulia Leander Prewitt, alivyosoma kwa kuazima vitabu, alivyomtetea mjane, alivyokuwa seneta. Wazee wakaitikia mashallah. Kisha akamwita Curtis ataje ukoo.

Curtis akasimama. Alikuwa amevaa kanzu aliyonunuliwa na Zaituni, fupi kidogo.

"Mimi ni Curtis," akasema kwa Kiswahili, polepole, kama aliyejifunza kwa moyo. "Mtoto wa Raymond. Mtoto wa Elbert. Mtoto wa Josiah. Mtoto wa Isom. Mtoto wa Venie."

Akaishia hapo. Kaka akangoja.

"Na baba yake Isom?" akauliza. "Mtaje, mwanangu. Usione haya."

Curtis akajibu kwa Kiingereza, sauti chini. Wazee wengine hawakusikia, wakaulizana kasema nini. Nikataka kusema mimi, lakini Zaituni alishasimama. Mtoto huyu, ambaye tangu aanze shule hajanijibu Kiswahili hata akiomba chumvi, aliwatazama wazee wote akasema:

"Amesema Isom hakuwa na baba. Alikuwa mali ya mtu."

Kaka aliketi, akasema jibu la posa ni hapana, akawaomba wageni wanywe kahawa. Wakanywa. Mimi niliishusha ile fremu ukutani, nikaitoa picha nikaichana, na Kaka hakunizuia, ila aliniambia nisirudi nyumbani kwake mpaka nimwombe radhi. Sijamwomba.

Curtis na Zaituni walikwenda kwa imamu. Imamu akamwita Kaka amweleze sababu, akaisikia, akasema sababu hiyo haimnyimi mtu mke, na kwamba ikiwa walii anakataa kwa hiyo basi ndoa ataisimamia yeye. Itafungwa msikitini, Jumamosi ya mwisho ya mwezi, halafu chakula katika ukumbi ulio juu ya duka la vitambaa. Ndugu zetu wote wamemfuata Kaka. Upande wa mke nipo mimi.

Bibi Odessa anakuja. Hajawahi kupanda ndege. Ameniuliza kwa simu avae nini, nami nimemwambia azilete zile khanga. Anakuja kuona mlango wetu, na atakaa mbele, atageuza shingo kutazama upande wa mke wamekuja watu gani. Mmeniuliza kilichotokea, nimewaeleza. Chakula kitakuwepo cha kutosha. Njooni mkae upande wangu.